Anasahausahau

Kwa Kiswahili, ukisema mtu anasahausahau umemhurumia. Umesema leo kasahau miwani, kesho kasahau siku, na keshokutwa atakumbuka mambo yote akushinde wewe. Ni neno la kumsitiri mtu. Mimi nililichukua neno hilo nikalipeleka kwenye Kiingereza, ghorofa ya ishirini na kitu, West Bay mjini Doha, mbele ya mkubwa wa kampuni, na lilipofika huko likawa ugonjwa. Kwa neno hilo mzee mmoja Mfaransa alipoteza kazi aliyoingojea nusu ya maisha yake. Kwa miaka mingi nimejitetea kwamba kosa lilikuwa la lugha. Hayo ndiyo maelezo yangu ya kwanza, na sitaki tena mtu ayaamini.

Jina lake silitaji. Liliondolewa mahali lilipostahili kukaa, na mkono wangu ulikuwemo, kwa hiyo sina haki ya kulitumia kupambia habari zangu. Sisi madereva tulimwita Mwandishi. Mbele yake nilimwita Mzee. Siku ya pili aliniuliza neno hilo maana yake nini, nikamwambia ni mtu aliyekula chumvi nyingi, ni baba, ni mkubwa wa kazi, ni yeyote unayemheshimu. Akacheka, akasema kwao mtu wa sinema akiitwa mzee ameshafukuzwa. Naye akataka kujua aniiteje mimi. Nikamfundisha "kaka", na tangu hapo nikawa Kaka, ingawa angeweza kunizaa.

Huo ulikuwa mwaka wangu wa tano Doha. Kwetu ni Tanga, nilikomwacha mke na watoto wawili, nikiwaona wakati wa likizo tu. Niliishi Al Wukair, kwenye nyumba iliyokatwakatwa kwa mbao hadi ikazaa vyumba kumi, chumba kimoja na Wafula, Mkenya wa Bungoma aliyekuwa mlinzi kwenye mnara mmoja wa West Bay. Mimi nilikuwa dereva wa kampuni iliyokuwa ndiyo kwanza inaanza kutengeneza filamu. Mkubwa wetu tulimwita mudiri, kama Waarabu wanavyomwita meneja. Asubuhi moja mudiri aliniambia kuna mzee ametoka Ufaransa kuja kuandika filamu, nimfuate hotelini na nisimwache mpaka amalize.

Nilimfungulia mlango wa nyuma, kama nilivyozoea kuwafungulia wakubwa. Aliutazama kana kwamba nimemfungulia buti. Akaufunga mwenyewe, akazunguka, akakaa mbele pembeni yangu.

"Huko nyuma wanakaa mawaziri na maiti," alisema. "Mimi bado sijawa hata kimoja."

Kiingereza chake kilitokea puani na changu kilitokea shule ya msingi, lakini tulielewana. Alivaa koti la sufu katika joto la Doha, eti kwa sababu ya viyoyozi, na kila tukitoka nje alilivua akalibeba kama mtoto. Aliandika kwa penseli. Alizichonga kwa kisu kidogo na maganda yake akayatia kwenye kisahani cha majivu cha gari, na kila Alhamisi nilikuwa nayamwaga huku nikinung'unika. Aliandika akiwa garini, tumeegesha mahali pasipo na maana yoyote: nyuma ya duka la matairi, mbele ya kituo cha basi cha wafanyakazi, kando ya kibanda cha chai ya karak. Chumba chake cha hoteli kilikuwa na meza nzuri inayotazama bahari. Alisema bahari haina mazungumzo.

Kazi yake ilikuwa mazungumzo. Aliyasema kwa sauti, akiwa mtu huyu na mtu yule, akigeuza kichwa. Tukisimama kwenye taa nyekundu alikuwa mke anayelia kisha mume anayekana, na madereva wa magari ya pembeni wakatukodolea macho. Mwanzoni nilikuwa napandisha vioo. Baadaye nilizoea, hata nikawa namsaidia kuwa yule mume.

Alikuwa na sheria yake moja aliyoirudia mara nyingi. Alisema mtu hasemi ukweli akiwa amekaa mikono mitupu. Ukimkalisha mtu kwenye kiti ukamtazama usoni, atakupa hotuba. Mpe chungwa amenye, mpe shati alitie kifungo, na mikono ikishapata kazi mdomo utasahau kujilinda. Katika filamu zake zote, alisema, hakuna mtu aliyekiri jambo bila kuwa na kitu mkononi.

Na alikuwa na neno lake la pili, ambalo sikujua kwamba nalo ni sheria. "Nimesahau," alikuwa akisema. "Nisimulie tena."

Aliniuliza ndugu zangu ni wangapi, nikamwambia. Wiki iliyofuata: nimesahau, nisimulie tena. Aliniuliza Wafula anakula nini akiwa lindoni, mtu wa Tanga anamsalimuje mama mkwe, chumba chetu kina madirisha mangapi. Kila kitu mara mbili, mara tatu. Nikadhani ni uzee. Nilimsimulia Wafula, naye akanikejeli akiwa anapiga pasi sare yake.

"Buda, huyo mzee anakuuliza kitu moja mara tatu na wewe unajibu tu? Wewe ni dereva ama ni redio?"

"Anasahausahau," nikasema. "Mtu mzima yule."

"Hasahau huyo. Mimi hiyo nimeona kwa polisi."

Nilicheka. Kumbe mlinzi wa getini alikuwa ameona nilichoshindwa kuona mimi niliyekaa naye bega kwa bega.

Habari za maisha yake sikuzipata kwa mpangilio, alizidondosha kama maganda ya penseli. Alianza kama mwalimu wa historia kwenye mji mdogo wa baridi. Aliandika hadithi moja ya mwalimu anayemficha mwanafunzi wake, ikawa filamu, watu wakaipenda, akaacha shule akahamia mji mkubwa. Alidhani ataandika nyingine kama ile kila mwaka. Hazikuja. Kilichokuja ni simu za watengenezaji waliokuwa na maandishi mabovu mikononi. Alipelekewa filamu zilizougua, akakaa nazo wiki tatu, akawapa watu maneno ya kusema na sababu za kuyasema, akaondoka. Majina yaliyoandikwa mwanzoni yalikuwa ya wengine.

"Mimi ni fundi bomba," aliniambia. "Maji yakishatoka, nani anauliza jina la fundi?"

Alifanya hivyo miaka zaidi ya thelathini. Alinitajia filamu ambazo hata sisi Tanga tuliziona kwenye vibanda vya video, zimetafsiriwa na yule jamaa anayeongea juu yake, na akanikariria mstari mmoja mmoja: huu wangu, huu wangu. Hakusema kwa majivuno. Alisema kama mtu anayeonyesha nyumba alizowahi kupanga.

Ndiyo maana alikuja Doha akiwa na umri ule. Kampuni ilimwahidi kitu ambacho kwao hakuna aliyemwahidi tangu ile filamu ya mwalimu: hadithi yake mwenyewe, toka mwanzo, na jina lake peke yake. Kila asubuhi alianza kwa kuandika upya ukurasa wa kwanza, ambao ulikuwa na maneno machache tu. Jina la filamu, kisha chini yake: imeandikwa na. Kisha yeye. Nilimuuliza kwa nini anauandika kila siku wakati haubadiliki. Alisema anapasha mkono moto.

Sitaki kumfanya malaika. Alikuwa mkorofi kwa kahawa. Aliirudisha mara mbili, mara tatu, mpaka wahudumu wa hoteli, wengi wao Waganda na Wakenya, wakawa wanapiga kura nani aende mezani kwake. Halafu jioni alikuwa akishuka kuwaomba radhi mmoja mmoja, na kesho yake akairudisha tena. Alichukia uongo kwenye maandishi kuliko kitu chochote, lakini kwenye simu alidanganya bila kupepesa. Binti yake akipiga kutoka Ufaransa kumuuliza kama amekula mboga, alijibu amekula mboga, huku midomo yake iking'aa mafuta ya sambusa. Mudiri akimuuliza amefika ukurasa wa ngapi, alisema wa themanini. Mimi nilijua yuko wa arobaini. Nilimwambia siku moja kwamba uongo wake mwenyewe anauvumilia sana. Akanijibu kwamba uongo wa simu ni adabu.

Na aliogopa lifti. Mtu mzima na akili zake, akifika mbele ya ile milango ya chuma alikuwa anafumba macho na kunishika mkono wa shati, na sikuweza kumwacha mpaka tufike juu. Ilinipa fahari, sikatai. Dereva kazi yake inaishia kwenye maegesho. Mimi nilipanda mpaka kwenye ofisi za mudiri, nikaingojea mikutano kwenye korido yenye zulia, na wafanyakazi wa ofisi wakaanza kunisalimu. Ndiyo korido nilipolisemea lile neno.

Lakini kabla ya korido kuna habari ya mama yangu.

Mama alifariki miezi michache kabla ya Mwandishi kuja, na mimi sikwenda kumzika. Mwandishi alipouliza mara ya kwanza, nilimjibu nilivyowajibu watu wote. Sisi Waislamu tunazika siku hiyohiyo, nikamwambia; hata ningepanda ndege dakika ile nisingewahi. Hayo yalikuwa kweli na hakuna aliyewahi kunibishia. Akaitikia, akaandika kitu kidogo.

Baada ya siku kumi hivi akaniambia amesahau, nimsimulie tena. Nikamwambia kwamba mama aliugua wiki nzima kabla, na kaka yangu mkubwa alinipigia niende, nikaomba ruhusa, kampuni ikakataa. Haya pia nilikuwa nimeyasema mara nyingi, hasa kwa kaka. Mwandishi alisema pole. Hakuandika kitu.

Mara ya tatu tulikuwa kwenye barabara ya kwenda kaskazini. Alitaka kuona Lusail, ambayo siku hizo ilikuwa mchanga, winchi na mabango makubwa ya mji ambao haujajengwa. Tairi likapasuka. Jua lilikuwa kali mno. Mimi nikachutama na spana, yeye akasimama ananikinga jua kwa lile koti lake, nati ameziweka kwenye kofia.

"Kaka," akasema, "ile habari ya mama yako. Nimesahau. Nisimulie tena."

Mikono yangu ilikuwa kwenye gurudumu.

"Sikuomba ruhusa, Mzee," nikasema. "Walikuwa wamenipa gari jipya. Hili hapa. Niliona nikiondoka watampa mtu mwingine, nikirudi nirudishwe kwenye basi la vibarua. Nikamwambia kaka nimeomba wamenikatalia. Kila siku alinipigia, akasema Mama anakuulizia, na kila siku nikasema bado nawabembeleza."

"Na siku aliyofariki?"

"Nilikuwa naosha gari. Nikapokea simu, nikamsikiliza mpaka mwisho, nikaitia mfukoni. Nikamalizia matairi mawili yaliyobaki."

Hakusema pole. Alinipa nati ya mwisho nikaikaza. Njiani kurudi nilihisi mwepesi, kama mtu aliyetapika. Wepesi ule ulidumu mpaka alipoanza kunipa kurasa zake.

Alinipa nizisome ili nimsahihishie salamu na majina, asije akamfanya mtu wa Tanga aseme kama mtu wa kitabuni. Nilizisoma kitandani Al Wukair, polepole, nikimuuliza Wafula maneno magumu. Nikakuta mwanamume katika chumba kilichokatwa kwa mbao. Nikakuta simu za kaka. Nikakuta anaosha gari na kumaliza matairi mawili. Hakukuwa na kitu kilichosahauliwa. Hata namna ninavyokamua kitambaa kwa kukizungusha mkononi ilikuwemo. Jambo nililomficha ndugu yangu wa damu lilikuwa limeandikwa, likingoja kuonyeshwa kwenye ukuta mweupe mbele ya dunia nzima, na kaka yangu Tanga ana macho kama watu wengine.

Kesho yake aliniuliza kama ameandika vizuri. Nilimwambia Mzee, salamu ni sawa.

Siku tatu baadaye tulipanda lifti, amenishika mkono wa shati. Aliingia kwenye mkutano, ukaisha, akaenda msalani. Mudiri akatokea kwenye korido, akanikuta nimesimama. Alikuwa mtu wa haraka, lakini siku hiyo alisimama.

"Mzee wako vipi? Yuko sawa?"

Nikasema anasahausahau. Kwa Kiingereza nililirudia neno mara mbili, kama tunavyolirudia sisi, na tabasamu juu. Mpaka hapo kweli ni kosa la lugha. Ningeishia hapo ningelala vizuri.

Lakini mudiri aliniuliza: "Anasahau nini?"

Mlango wa kujirudi ulikuwa wazi. Ningeweza kusema anasahau miwani. Badala yake nilisema: "Kila kitu. Anauliza jambo moja mara tatu. Leo nikimjibu, wiki ijayo halijui."

Kwa muda mrefu nilikuwa na maelezo ya pili, kwamba niliamini nilichosema. Nilimwona ni mzee, anauliza mara tatu, dereva atajuaje? Maelezo haya nilimpa hata mke wangu. Nayo si kweli. Nilikuwa nimezisoma kurasa. Hakuna mtu anayesahau anayeweza kukumbuka jinsi mtu mwingine anavyokamua kitambaa. Nilijua fika, nikiwa nimesimama juu ya zulia lile, kwamba akili ya mzee yule ilikuwa kali kuliko yangu na ya mudiri tukiziunga. Nilitaka aondoke. Nilitaka aondoke na kurasa zake kabla mtu hajaniuliza ni habari za nani.

Mudiri alinishukuru. Akasema amefurahi kuwa na mtu mwaminifu karibu na mzee. Mwandishi akatoka msalani akitikisa mikono yake yenye maji, akanishika mkono wa shati, tukashuka.

Haikuchukua wiki mbili. Walimwambia afya yake kwanza. Walimwambia kijana fulani ataimalizia kazi. Kurasa zilikuwa mali ya kampuni, zikabaki, ila ule ukurasa wa kwanza wenye jina lake, ambao hawakuwa na haja nao.

Nilimpeleka uwanja wa ndege. Alikaa mbele kama kawaida. Karibu na Korniche alisema kwa sauti ya kawaida kabisa:

"Wamesema nasahau. Unajua nimesahau nini katika maisha yangu, Kaka? Hakuna. Huo ndio ugonjwa wangu." Kisha akanieleza. Mtu ukimuuliza mara ya kwanza atakupa anachowapa watu. Ukimuuliza tena atakupa anachojipa mwenyewe. Mara ya tatu atachoka kujitunza. "Ukimwambia unakumbuka, hawezi kubadilisha. Lazima usahau, ili umpe nafasi."

Nikaendesha.

"Ni nani aliyewaambia?" akauliza.

"Sijui, Mzee," nikasema. "Labda watu wa ofisini."

Akatikisa kichwa polepole. Mtu aliyeniuliza idadi ya madirisha ya chumba changu mara tatu hakuniuliza jambo hili mara ya pili. Nilimbebea sanduku mpaka ndani, akanikumbatia, koti lake likinuka maganda ya penseli. Nilirudi kwenye gari nikakaa, na aibu ikanivaa hivi kwamba askari wa maegesho alinigongea kioo mara mbili kabla sijamsikia.

Filamu ilitoka. Nilikwenda kuitazama na Wafula siku ya Ijumaa, kwenye sinema ya duka kubwa. Kampuni ilikuwa imembadilisha yule mtu akawa wa nchi nyingine, kwa hiyo hofu yangu yote ilikuwa ya bure. Kaka yangu angeitazama mara kumi asinione. Mwanzoni pakaandikwa: imeandikwa na, na jina la yule kijana. Kisha yakaja mambo ya Mwandishi, mstari kwa mstari. Huu wake. Huu wake. Yule mtu akapokea simu, akaitia mfukoni, akamalizia matairi.

"Huyo jamaa ni boya," Wafula akaninong'oneza. "Si angeitisha tu off aende kwa mamake?"

Nikasema ndiyo, ni boya.

Miaka ikapita. Minara ya West Bay ikamalizika, Lusail ikaota kutoka mchangani, ikawa na barabara na taa, na mimi nikapata kazi ya kusimamia magari ya hoteli moja huko. Wafula alisharudi Bungoma. Nilijiambia kwamba mzee yule atakuwa ameshafariki, na naona haya kusema kwamba wazo hilo lilinipa nafuu.

Ikawa asubuhi moja naangalia orodha ya wageni wa kupelekwa mjini, nikasikia nyuma yangu: "Kaka."

Alikuwa amepungua, anatembelea fimbo, lakini macho ni yaleyale. Alikuwa na binti yake, mwanamke wa umri wangu, mpole, mwenye mkoba mkubwa. Chuo kimoja kilikuwa kimemwalika mzee azungumze na wanafunzi siku mbili. Akanishika mkono, akaniuliza hali ya watoto kwa majina yao wote watatu, na yule wa mwisho alizaliwa mwezi alioondoka Mzee. Tukakaa ukumbini, nikawaagizia chai. Alikunywa bila kulalamika.

Binti ndiye aliyesema. Alisema maneno yale ya Doha yalimtangulia baba yake mpaka nyumbani. Hakuna aliyempigia simu tena kumpa filamu, hata zile zilizougua. Hakuna mtu anayempa kalamu mtu anayesemekana anapoteza kumbukumbu. Anaandika bado, kila asubuhi, anaweka kabatini. Sasa chama cha waandishi cha huko kwao kilikuwa tayari kuisikiliza kesi yake, jina lake lirudishwe kwenye filamu ile. Walitaka kitu kimoja tu. Akafungua mkoba, akatoa nakala ya barua ya kampuni, akanionyesha mstari aliouwekea wino. Ilisema kwamba dereva aliyekuwa naye kila siku amethibitisha hali ya mzee, na kwamba mtu wa hali hiyo asingeweza kuiandika filamu ile.

"Dereva huyo akiandika kwamba haikuwa kweli," alisema, "jina la baba litarudi. Basi. Hatumtaki kwa ubaya." Akaniinulia macho. "Si wewe ndiye uliyekuwa dereva wake?"

Nilifungua mdomo, na naapa kwamba nilikuwa nimeshalivuta neno la kukiri mpaka kwenye ulimi. Mwandishi akaweka kikombe chini.

"Si huyu," alimwambia binti yake kwa upole. "Unachanganya. Hayo yalisemwa na dereva wa kabla yake."

Hapakuwa na dereva wa kabla yangu. Mimi ndiye niliyempokea na mimi ndiye niliyemrudisha.

Binti akanigeukia. "Wewe ulimfahamu huyo mwenzako? Tunaweza kumpata?"

Mzee hakumtazama binti yake. Alinitazama mimi, ametulia, mikono yake miwili juu ya fimbo, akaningoja kama alivyoningoja kila aliposema amesahau. Alinipa muda mrefu kuliko nilioustahili.

"Nilimfahamu," nikasema. "Alisharudi kwao zamani."

Binti akaikunja barua, akairudisha kwenye mkoba. Mwandishi akasema ahsante, Kaka, na akaniomba niwaitie gari.